Hisa Imevuka Mpaka, Hukumu Yake Je?

Bismillahir Rahmanir Rahim. Sifa zote njema anastahiki Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), jamaa zake na masahaba zake. Ama baad.



Muhula huu, katika darsa letu la fiqhi ya miamala, lililetwa swali na ndugu wanaokaribia kumaliza masomo. Wana kikundi cha akiba. Kwa miaka mitatu wamekuwa wakichanga kidogo kidogo kutoka kwenye pesa zao za matumizi, na sasa wanataka fedha hizo zifanye kazi badala ya kulala. Hawataki kuziweka kwenye akaunti ya riba. Mmoja wao, anayesoma biashara, alipendekeza wanunue hisa, tena akasema hakuna haja ya kujifunga na kampuni za hapa Uganda peke yake, kwa sababu masoko ya hisa ya Afrika Mashariki yanashirikiana. Aliyeko Kampala anaweza kumiliki sehemu ya kampuni ya Nairobi bila kupanda basi. Je, inafaa?

Ustadhi wetu alinipa kazi ya kulichambua swali hilo. Mimi ni mwanafunzi, si mufti. Ninachokileta hapa ni maelezo ya masoko yenyewe na yale waliyoyasema wanazuoni wa zama zetu, ili kila mmoja aende kwa mashekhe wake akiwa anajua anachokiuliza. Fedha zinazozungumzwa ni za watu thelathini na wawili, na kila mmoja ataulizwa alizichuma wapi na alizitumia wapi.

MASOKO HAYA YALIANZAJE KUSHIRIKIANA

Wengi wetu tunadhani ushirikiano huu ni jambo jipya. Soko la Hisa la Nairobi liliundwa mwaka 1954 kama chama cha hiari cha madalali, na katika miaka yake ya mwanzo liliwahudumia watu wa Kenya, Uganda, Tanganyika na Zanzibar. Soko lilikuwa moja kwa nchi zote hizo.

Baada ya uhuru kila nchi ilishika njia yake. Tanzania ilitangaza Azimio la Arusha mwaka 1967. Hapa Uganda, mwaka 1970, serikali ilitangaza kwamba itachukua asilimia 60 ya hisa katika makampuni makubwa. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika. Mpaka ukawa mpaka kweli, kwa watu na kwa mitaji.

Miaka ya 1990 milango ilianza kufunguka tena. Soko la Hisa la Uganda lilianzishwa mwaka 1997, na biashara ilianza Januari 1998. Karatasi ya kwanza kuorodheshwa haikuwa hisa, ilikuwa hatifungani ya Benki ya Maendeleo ya Afrika Mashariki. Hisa ya kwanza, ya Uganda Clays, ilikuja mwaka 2000. Dar es Salaam ilianza biashara Aprili 1998 na hisa za kampuni ya gesi ya Tanzania Oxygen. Kigali ilizindua soko lake Januari 2011.

Hatifungani ni deni. Anayeinunua ya kawaida anakopesha na kulipwa riba. Soko letu lilianza na karatasi ambayo Mwislamu hawezi kuigusa. Walioliendesha hawakuwa na nia mbaya kwetu, ila hawakuwa na sababu ya kutufikiria, na sisi hatukuwapo mezani.

NGAZI ZA USHIRIKIANO

Neno "ushirikiano" ni pana. Nimeligawa katika ngazi nne, kuanzia nyepesi hadi nzito.

Ngazi ya kwanza ni makubaliano ya wasimamizi na ya masoko. Mamlaka zinazosimamia masoko ya mitaji za Kenya, Uganda na Tanzania zilitia saini hati ya maelewano mwaka 1997. Masoko yenyewe yaliunda umoja wao mwaka 2004, na Rwanda ikajiunga baadaye. Hapa watu hupeana taarifa na kujaribu kulinganisha kanuni.

Ngazi ya pili ni kampuni moja kuorodheshwa katika masoko mawili au zaidi. Kampuni inabaki na soko lake la nyumbani, ila hisa zake zinanunuliwa na kuuzwa pia katika nchi jirani, kwa sarafu ya nchi hiyo na kupitia madalali wa huko. Ngazi hii ndiyo iliyozaa matunda yanayoonekana zaidi kwetu.

Ngazi ya tatu ni kuondoa vizuizi vya mtaji kuvuka mpaka na kuunganisha mitambo. Itifaki ya Soko la Pamoja, iliyoanza kutumika Julai 2010, inataja uhuru wa mtaji kuvuka mipaka ya nchi wanachama. Mwaka 2014 Tanzania iliondoa kikomo kilichowazuia wageni kumiliki zaidi ya asilimia 60 ya hisa za kampuni iliyoorodheshwa. Kuunganisha daftari za kielektroniki zinazoweka kumbukumbu za wenye hisa kumekwenda polepole sana. Kwa Afrika nzima upo mradi wa umoja wa masoko ya hisa ya Afrika na Benki ya Maendeleo ya Afrika, ambao mfumo wake wa kuwaunganisha madalali ulizinduliwa mwishoni mwa mwaka 2022 kwa masoko 7: Casablanca, Misri, Johannesburg, Nairobi, Nigeria, Mauritius na soko la pamoja la Afrika Magharibi lililoko Abidjan. Katika Jumuiya yetu, Nairobi pekee ndiyo iliyokuwemo katika kundi hilo la mwanzo.

Ngazi ya nne ni soko moja kwa nchi nyingi. Hilo la Abidjan, liitwalo BRVM, lilianza kazi mwaka 1998 na linahudumia nchi 8: Benin, Burkina Faso, Côte d'Ivoire, Guinea-Bissau, Mali, Niger, Senegal na Togo. Nchi hizo zina sarafu moja, jambo lililowarahisishia sana.

NINI HASA KILIVUKA MPAKA

Hapa naomba tusome taratibu, maana ndipo penye kiini cha somo.

Hisa ya kwanza kutoka Nairobi kuorodheshwa Kampala ilikuwa ya East African Breweries, mwaka 2001. Mwaka uliofuata ilikuja Kenya Airways. Katika miaka iliyofuata zikaja Jubilee, KCB, Equity, Nation Media Group, Centum na Uchumi. Jumla ni kampuni 8.

Tuzipange kwa kazi zake. Moja ni kiwanda cha bia. Mbili ni benki ambazo biashara yao kuu ni kukopesha kwa riba. Moja ni ya bima ya kawaida, ambayo Baraza la Kimataifa la Fiqhi la Jeddah liliikataa katika azimio lake namba 9 la mwaka 1985 kwa sababu ya gharari iliyomo ndani yake. Hizo nne zinatoka kabla hatujafungua hesabu zake. Zinabaki nne: shirika la ndege, kampuni ya habari, kampuni ya uwekezaji na maduka makubwa. Hizi kazi zake kuu si haramu kwa asili, lakini kila moja inataka kuchunguzwa.

Upande wa Rwanda si tofauti sana. Kampuni ya kwanza kuuza hisa kwa umma soko la Kigali lilipozinduliwa ilikuwa Bralirwa, kiwanda cha bia na soda. Ya pili ilikuwa Bank of Kigali, ambayo mwaka 2018 ilivuka hadi Nairobi. Kutoka kwetu kwenda Nairobi ilivuka Umeme, wakati huo kampuni ya kusambaza umeme, mwaka 2012.

Kwa hiyo tunaposikia masoko ya kanda yanaungana na fursa zinaongezeka, ni kweli, ila kwa Mwislamu nusu ya milango iliyofunguliwa kwa ushirikiano huu ilikuwa imefungwa tangu mwanzo. Mpaka ulipoondolewa, hisa ilivuka, lakini hakuna aliyevuka nayo kutuambia hukumu yake. Dalali wa Kampala hana wajibu wa kukueleza kwamba kampuni fulani ya Nairobi ina mikopo ya riba kiasi gani. Huo ni wajibu wako wewe mnunuzi.

HISA NI NINI KATIKA FIQHI

Hisa ni fungu lisilogawanywa katika mali ya kampuni. Ukinunua hisa 100 za kampuni ya saruji, unakuwa mshirika katika mitambo yake, magari yake, madeni yake na faida yake. Wanazuoni wanaliweka jambo hili katika mlango wa sharika. Ndiyo maana hisa inatofautiana na hatifungani: mwenye hisa anabeba faida na hasara, mwenye hatifungani anadai deni na nyongeza. Aya ya 275 ya Suratul Baqara inayatenga mambo haya mawili, biashara na riba, na hisa katika asili yake iko upande wa biashara.

Ukishakuwa mshirika, huwezi kusema "wao ndio wanaouza pombe, mimi nachukua gawio tu." Wakurugenzi wanaendesha mali kwa niaba yako, na ukiwa Kampala na kiwanda kiko Nairobi hukumu haibadiliki. Umbali unakufanya usione kinachofanyika, lakini haukuondoi katika ushirika.

Baraza la Fiqhi la Jeddah lilijadili masoko ya mitaji mwaka 1992, na azimio lake namba 63 lilizitaja kampuni za aina tatu. Ya kwanza ni kampuni yenye malengo na kazi za halali: kushiriki humo kunajuzu. Ya pili ni kampuni ambayo kazi yake kuu ni haramu, kama riba au kutengeneza vilivyoharamishwa: hakuna khilafu kwamba kushiriki ni haramu. Ya tatu ni kampuni ambayo kazi yake ni halali, ila mara nyingine inaingia katika haramu, kama kukopa kwa riba. Kuhusu hii Baraza lilisema asili ni uharamu.

Kampuni nyingi katika masoko yetu ziko katika aina hii ya tatu, na hapo ndipo penye mjadala. Shirika la AAOIFI lenye makao Bahrain, linalotunga viwango vya sharia kwa taasisi za fedha za Kiislamu, limekubali kwamba asili ni uharamu, kisha katika kiwango chake namba 21 likatoa ruhusa yenye masharti. Madeni ya riba ya kampuni yasifike asilimia 30 ya thamani yake sokoni. Fedha ilizoweka kwa riba nazo zisifike asilimia 30. Mapato yake ya haramu yasizidi asilimia 5 ya mapato yote. Na mwenye hisa lazima aitoe sehemu hiyo chafu, asiitumie kwa manufaa yake.

Kwa hiyo tuna rai mbili zenye uzito. Atakayeshika ile ya Jeddah na kujiepusha kabisa amechukua tahadhari. Atakayeshika ile ya AAOIFI ana wanazuoni wa kumtegemea, kwa sharti kwamba afanye hesabu kweli, si kwa kukadiria.

HESABU KWA MFANO

Tuchukue kampuni ya kubuni. Thamani yake sokoni ni shilingi bilioni 100. Madeni ya riba ni bilioni 24, fedha zilizowekwa kwa riba ni bilioni 10. Mapato yote ya mwaka ni bilioni 20, na humo milioni 600 ni riba kutoka benki. Madeni ni asilimia 24, amana ni asilimia 10, mapato ya haramu ni asilimia 3. Kwa kiwango cha AAOIFI imepita.

Sasa kusafisha. Kampuni ina hisa bilioni 1. Milioni 600 ukizigawa kwa bilioni 1 unapata senti 60 kwa kila hisa. Kikundi chenye hisa 2,000 kinatakiwa kitoe shilingi 1,200 kwa maskini au kazi za manufaa ya umma. Kinazitoa kwa nia ya kujisafisha, si kwa kutaraji thawabu za sadaka, wala hakizihesabu katika zaka. Na kwa AAOIFI kinazitoa hata kama kampuni haikugawa gawio mwaka huo.

Kisha bei ya hisa inashuka, na thamani ya kampuni inakuwa bilioni 70. Madeni ni yale yale bilioni 24, lakini sasa ni zaidi ya asilimia 34. Kampuni imeanguka mtihani, na haikukopa hata senti moja ya ziada. Uchunguzi wa mara moja hautoshi. Unarudiwa kila hesabu mpya zinapotoka.

MASUALA YANAYOMHUSU ANAYEVUKA MPAKA

Hayo yaliyotangulia yanamhusu kila mnunuzi wa hisa. Yapo matatu yanayoletwa na mpaka wenyewe.

1. Bei ni ipi? Kampuni iliyoorodheshwa masoko mawili ina bei mbili. Katika soko la pili hisa zinaweza kukaa muda mrefu bila kuuzwa, na bei inayoonekana pale ikawa ya zamani. Ukiitumia kukokotoa thamani ya kampuni, hesabu yako ya asilimia 30 itakuwa ya uongo. Ninavyoona, bei ya kutumia ni ya soko la nyumbani, ambako biashara ni nyingi.

2. Kubadilisha fedha. Ukinunua Kampala hisa ya kampuni ya Kenya iliyoorodheshwa hapa, unalipa shilingi za Uganda na jambo limekwisha. Lakini ukinunua moja kwa moja Nairobi, kwanza unabadilisha shilingi za Uganda kwa za Kenya, na huo ni muamala wa sarfu. Hadithi ya Ubada bin Samit (r.a.) katika Sahihi Muslim inatufundisha kwamba jinsi zikitofautiana watu wanaweza kuuziana kwa kiasi wakitakacho, maadamu wanakabidhiana papo hapo. Baraza la Fiqhi lilikwishaamua mwaka 1986 kwamba fedha za karatasi zina hukumu ya dhahabu na fedha katika mlango wa riba, na mwaka 1990 kwamba kuingiziwa fedha kwenye akaunti kunahesabiwa ni kukabidhiwa. Kwa hiyo badilisha fedha kwanza, zionekane kwenye akaunti, kisha nunua. Epuka mpango wa kukubaliana bei ya sarafu leo na kupeana wiki ijayo.

3. Kukabidhiwa hisa. Biashara ikifanyika leo, malipo na uhamisho wa hisa hukamilika baada ya siku chache za kazi, kwa kawaida tatu. AAOIFI inaruhusu mnunuzi kuiuza hisa pindi taratibu za mauzo zinapokamilika na dhamana ikahamia kwake, hata kama usajili wa mwisho bado. Lakini hisa iliyo katika daftari la Kampala, ukitaka kuiuza Nairobi, lazima kwanza ihamishwe kutoka daftari moja kwenda jingine, na hilo lina muda wake. Usikubali dalali akuuzie Nairobi kwa kuitegemea hisa ambayo bado haijafika huko. Tunakumbuka katazo la Mtume (s.a.w.) kwa Hakim bin Hizam (r.a.) la kuuza asichokuwa nacho. Na kununua hisa kwa mkopo wa riba wa dalali, azimio lile la 1992 limelikataa.

Niongeze tahadhari moja isiyo ya fiqhi moja kwa moja. Halali si sawa na salama. Uchumi, ambayo kazi yake ilikuwa maduka, ilifunga matawi yake ya Uganda na Tanzania mwaka 2015. Hisa za Kenya Airways zilisimamishwa kuuzwa Julai 2020 na kurudi sokoni Januari 2025. Kwa zaidi ya miaka minne mwenye hisa, awe Nairobi au Kampala, hakuweza kuuza. Kuorodheshwa katika masoko matatu hakukumsaidia. Fedha ya ada ya muhula ujao si fedha ya kununulia hisa.

WENZETU WAMEFANYA NINI

Malaysia iliona kwamba haifai kila Mwislamu afanye hesabu hizi peke yake. Tangu mwaka 1997 baraza la sharia la tume inayosimamia masoko ya mitaji limekuwa likitoa orodha ya hisa zinazokubalika, na sasa hutoka mara mbili kwa mwaka. Mwanafunzi wa kule anafungua orodha na kuona. Vipimo vyao havifanani na vya AAOIFI: wao hulinganisha madeni na mali zote za kampuni, na kikomo chao ni asilimia 33. Kampuni moja inaweza kupita kwa kipimo hiki na kuanguka kwa kile. Hili ni muhimu kwetu, kwani masoko yetu yakiendelea kuungana huku kila nchi ikichukua kipimo chake, hisa moja itakuwa halali Mombasa na haramu Mbale.

Nigeria, iliyo katika yale masoko 7, ina faharasa ya Kiislamu tangu mwaka 2012, inayofuatilia hisa zilizochujwa. Na Afrika Magharibi wamekwenda mbali zaidi. Senegal ilitoa sukuk mwaka 2014, Côte d'Ivoire mwaka 2015, Togo mwaka 2016, na sukuk hizo zikaorodheshwa BRVM. Mkulima wa Mali na mfanyabiashara wa Benin wanaingia katika soko lile lile. Huko ushirikiano wa masoko umebeba na mlango wa halali ndani yake.

Kwetu pia kuna mwanzo. Tanzania Bara ilipata sukuk ya Fursa ya KCB Tanzania mwaka 2022, ikaorodheshwa Dar es Salaam. Kenya ilipata sukuk ya Linzi mwaka 2023, ya shilingi bilioni 3 za Kenya, kwa ajili ya nyumba. Hapa Uganda sheria ya taasisi za fedha ilirekebishwa mwaka 2016 kuruhusu benki za Kiislamu, na leseni ya kwanza ilitolewa mwaka 2023. Lakini kila sukuk imebaki nchini kwake. Bia ilivuka mpaka mwaka 2001. Sukuk bado inasubiri.

TUFANYE NINI

Kwa kikundi kilicholeta swali, na kwa vingine kama hicho, haya ndiyo ninayopendekeza baada ya kuyajadili darsani.

Kwanza, kubalianeni kwa shura juu ya rai moja kabla ya kununua hata hisa moja, na iandikwe. Mtu akiwa peke yake anaweza kuchukua rukhsa, lakini fedha za watu thelathini na wawili haziingizwi penye khilafu bila wao kujua. Asiyeridhika arudishiwe chake kwa wema.

Pili, chagueni watu wawili: mmoja wa biashara anayeweza kusoma hesabu za kampuni, mmoja wa sharia anayejua masharti. Kampuni zilizoorodheshwa hutangaza hesabu zake hadharani. Mistari ya kutafuta ni mitatu: mikopo yenye riba, amana zenye riba, na mapato ya riba.

Tatu, rudieni uchunguzi kila hesabu mpya zinapotoka, na mtenge fedha ya kusafisha mwaka kwa mwaka, msiiache ikalimbikizana.

Nne, msisahau zaka. Anayenunua ili auze bei ikipanda, zaka yake ni asilimia 2.5 ya bei ya sokoni siku mwaka wake unapotimia. Anayekaa na hisa kwa ajili ya gawio, wanazuoni wana maelezo zaidi, basi amuulize shekhe wake.

Tano, na hili ni la jumuiya zetu zote. Hapa Uganda, Kenya, Tanzania, Rwanda na Burundi kuna jumuiya za wanafunzi Waislamu kama yetu, na katika kila moja wapo wanaosoma uhasibu na wanaosoma sharia. Tukigawana kazi, kila jumuiya ikichunguza kampuni za nchi yake kwa kipimo kimoja tulichokubaliana, na mashekhe wakapitia, tunaweza kuwa na orodha moja ya kanda ndani ya mwaka. Tusiiite fatwa. Tuiite kazi ya wanafunzi iliyo wazi, kila hesabu ikionekana, na kila kosa likiweza kusahihishwa. Tukishakuwa na orodha mkononi ndipo tutakapokuwa na la kuwaambia wasimamizi wa masoko: hawa hapa wanunuzi, hiki hapa wanachokitafuta, na sukuk nazo zivuke mpaka.

Kwa swali la awali, basi, jibu ninaloliona ni hili: kununua hisa ng'ambo ya mpaka kunafaa pale kampuni inapofaa, na kampuni haijulikani kuwa inafaa mpaka ichunguzwe. Kazi hiyo tuifanye pamoja, kama masoko yenyewe yanavyofanya yao pamoja.

Tunamuomba Allah atutosheleze kwa halali yake, atuepushe na haramu yake, na azibariki akiba za vijana wetu. Wallahu a'lam.

Wabillahi tawfiq.